Saruji Haikauki, Inaiva

Jumatatu, Januari 6

Mama ametoka hospitali. Simaanishi mama aliyenizaa, namaanisha mama wa mume wangu, ila siku nyingi nimeacha kuongeza hilo neno "mkwe" kwa sababu mwenyewe halipendi. Anasema mkwe ni mtu wa kuvaliwa nguo za kutokea, na yeye hana nguvu za kubadili nguo kila nikiingia chumbani.

Kiharusi kilimshika upande wa kushoto. Mdomo umerudi, tena umerudi na maneno yake yote. Mkono umerudi nusu. Mguu ndio bado anauburuza. Mtaalamu wa mazoezi, dada mmoja mfupi mwenye sauti ya kamanda, alitusimamisha mlangoni akatuambia kwamba mguu usipotumiwa unasahau. Atembee kila siku, kutoka kitandani mpaka mlangoni, kutoka mlangoni mpaka bafuni, hata kama analia. Kiangazi hiki ndicho kitakachoamua kama Mama atatembea au atabebwa maisha yake yote.

Tatizo ni sakafu ya chumba chake. Imechimbika kila mahali, mkongojo unaingia shimoni kabla hata hajapiga hatua ya pili. Kwa hiyo tumemwita shemeji, mdogo wa mume wangu. Ni fundi vigae, na mtaani wanamwita Pimamaji kwa sababu hawezi kukalia kiti bila kwanza kuinama atazame kama kimekaa sawa. Alipiga magoti, akalaza pimamaji yake sakafuni, akatikisa kichwa.

"Shemeji, hii hairekebishiki. Inavunjwa, inamwagwa upya, halafu vigae. Vile vyenye mkwaruzo, visiteleze."

Mume wangu yuko safarini na lori lake, na kwenye simu amekubali kila kitu, kama kawaida yake akiwa mbali. Mama atalala sebuleni. Mimi nitaendelea na wateja wangu. Saluni yangu ni chumba cha mbele cha nyumba hii hii, na msusi hawezi kufunga duka kwa sababu ya nyundo.

Jumatano, Januari 8

Wamevunja kutwa nzima. Vumbi limeingia mpaka kwenye mafuta ya nywele. Mteja mmoja kaondoka na mvi ambazo hakuja nazo.

Ijumaa, Januari 10

Leo wamemwaga sakafu mpya. Shemeji aliivuta na ubao wake, akarudi nyuma, akaivuta tena, mpaka ikalala kama shuka iliyopigwa pasi. Mama tulimweka kwenye kiti nje ya mlango aone. Alikuwa anatazama mikono ya mwanawe, si sakafu.

Baadaye shemeji aliniita pembeni. Ana kazi mji wa pili, atarudi Jumamosi ijayo. Alichonieleza nakiandika hapa nisikisahau.

"Shemeji, watu wanasema saruji inakauka. Saruji haikauki, inaiva. Na inaiva kwa maji. Ikikosa maji siku hizi za mwanzo, inakauka kweli, na iliyokauka si iliyoiva. Ni kama wali ulioungua juu, chini mbichi."

"Sasa mimi nifanye nini?"

"Umwagilie asubuhi na jioni, magunia haya yakae na unyevu muda wote. Hiki chumba kina bati juu na jua la jioni dirishani, kitaifyonza. Na asikanyage mtu mpaka Jumatatu."

Hilo la mwisho alilisema kwa sauti ili na Mama asikie. Bomba halitoi maji tangu jana, kwa hiyo alikodi mkokoteni, akaleta madumu, akajaza pipa lote mpaka juu. "Haya ni ya sakafu," akasema. Nikamjibu kwamba sijazeeka kiasi cha kuambiwa kitu mara mbili.

Jumamosi, Januari 11

Asubuhi nilimwagilia. Magunia yalikuwa yanavuja vizuri.

Mchana akaja bibi harusi, na dada zake, na shangazi zake, na rafiki ambaye sijui alikuwa wa nani lakini ndiye aliyekuwa na nywele nyingi kuliko wote. Bomba kavu. Nywele iliyopakwa dawa haisubiri bomba, usipoiosha kwa wakati unamvua mtu ngozi ya kichwa. Nilichota ndoo moja kwenye pipa. Kisha nyingine. Jioni nilipoinamia pipa niliona uso wangu mbali sana huko chini.

Kesho nitalijaza.

Jumapili, Januari 12

Bomba bado. Upepo wa leo ni wa moto, unakausha nguo kabla hujamaliza kuzianika. Magunia yamekauka yamekuwa magumu kama samaki wa chumvi. Nilinyunyiza vikombe viwili, vikanywewa kabla sijageuka.

Nilipotoka kanisani nilimkuta Mama amesimama katikati ya chumba kipya, peke yake, na mkongojo wake. Alikuwa amejikokota kutoka sebuleni. Mara ya kwanza kutembea bila kushikwa, na kaenda kutembelea mahali alipokatazwa. Alikuwa anacheka kama mtoto aliyefika jikoni kabla ya mwenye nyumba.

"Nimeona ni ngumu tayari," akasema. "Hakuna ubaya?"

"Hakuna, Mama."

Na kweli hapakuwa na alama hata moja. Ilikuwa imekauka kama jiwe la kusugulia miguu. Tulikubaliana tusimwambie shemeji, tukacheka wote wawili.

Jumanne, Januari 14

Shemeji kapiga simu. "Unamwagilia?" Nikasema, "Namwagilia." Maji yametoka bombani saa moja tu, nikapikia na kuoshea vichwa viwili.

Alhamisi, Januari 16

Nimefagia chumba kile. Nikapata vumbi la kijivu. Nikafagia tena, nikapata jingine. Nimefagia mara ya tatu nikiwa nimeanza kuogopa, maana vumbi halikuwa linatoka nje, lilikuwa linatoka kwenye sakafu yenyewe.

Jumamosi, Januari 18

Nimefanya jambo la kipumbavu na naliandika kama lilivyo. Alfajiri nilikwenda kisima cha mbali na madumu mawili, nikarudi mgongo umekufa, nikamwaga maji yote kwenye sakafu. Nikayaloweka na magunia. Mwanafunzi ambaye hakusoma muhula mzima, asubuhi ya mtihani anafungua kitabu, basi ndiye mimi.

Shemeji alifika saa nne. Aliinua gunia, akaona rangi nzito ya unyevu, akapitisha kiganja. Kwenye mfuko wa shati lake huwa ana msumari wa kukwaruzia sakafu, hajawahi kuweka kigae bila kukwaruza kwanza. Aliutoa, akanitazama, akaurudisha.

"Kama ni wewe uliyemwagilia, sina haja nao," akasema.

Nilikuwa na nafasi pale. Mlango wazi, watu wawili tu, na mtu mwenyewe si mkali. Ningesema shemeji kwaruza. Neno moja tu. Nikamuuliza kama atakunywa chai.

Jumatatu, Januari 20

Vigae vimewekwa. Rangi ya udongo, na mkwaruzo mwembamba unaoushika unyayo. Majirani wamepita mmoja mmoja kuchungulia.

Jumatano, Januari 22

Mama kahamia chumbani kwake. Ametembea kutoka kitandani mpaka mlangoni na kurudi. Mkongojo ulikuwa unagonga ko, ko, ko, na mimi nilikuwa nasikiliza kutoka saluni, mkono umeshika chanuo hewani, mpaka mteja akaniuliza kama nimesahau kilichonileta kichwani kwake.

Jumatatu, Januari 27

Leo Mama kafika mpaka saluni kwa miguu yake. Akakaa na wateja, akawaambia kwamba mwanawe kamwekea sakafu ambayo hata waziri hana, na mkwe wake kaimwagilia kwa mikono yake huku bomba likiwa kavu. Neno "mkwe" kalitumia kwa makusudi ili wanitazame. Nikainama kutafuta kibanio ambacho hakikuwa kimeanguka.

Naamini yamekwisha. Najiambia kwamba fundi naye huzidisha, si kila kanuni ni ya kweli, mbona sakafu imetulia. Nimeandika hata shukrani kwa Mungu, kisha nikaikata, maana niliona aibu kumshukuru kwa jambo ambalo yeye alikuwa anaona lote.

Jumamosi, Februari 1

Ko, ko, ko, kisha mlio mwingine, mnene, kama wa kugonga debe. Shemeji ana neno lake kwa hilo. Anasema kigae kilichoshika hakijibu, kisichoshika kinaitika. Nilisubiri Mama atoke, nikapiga magoti nikagonga kwa kidole. Karibu na dirisha vinaitika vyote. Nikagonga na vya mlangoni. Navyo vikaitika.

Joto la leo halina maelezo.

Jumatatu, Februari 3

Mbio za sakafuni huishia ukingoni. Leo nimeufikia ukingo.

Asubuhi nilikuwa nasuka mteja nikasikia kishindo, kisha kimya. Nilimkuta Mama amekaa chini, mgongo kwenye kitanda, mkongojo umeruka mpaka ukutani. Vigae viwili vilikuwa vimeinuka vikagusana vichwa kama mbuzi wanaopigana, na kingo zao ndizo zilizomkwaza. Hakuvunjika, namshukuru Mungu. Lakini hakuwa anautazama mguu wake. Alikuwa anatazama vigae.

Shemeji alikuja na pikipiki ya kukodi, nguo za kazi mwilini. Alimwangalia mama yake kwanza, kiungo kwa kiungo. Ndipo akachuchumaa. Aliinua kigae kimoja kwa vidole tu, bila patasi, kikatoka kama mfuniko. Gundi yote ilikuwa imeng'ang'ania mgongo wa kigae, na juu ya gundi unga wa kijivu. Alitoa msumari wake akakwaruza sakafu. Ikachimbika. Akakwaruza pengine, ikachimbika. Aliusugua ule unga kati ya vidole kwa muda mrefu, kama mtu anayenunua kitambaa asichokiamini.

"Shemeji," akasema bila kuniangalia, "ulimwagilia?"

Mama alikuwa kitandani anatusikia. Mteja wangu alikuwa mlangoni, nusu kichwa kimesukwa, nusu kimesimama. Nikasema, "Nilimwagilia." Nilisema kwa macho makavu kabisa. Sikujua kwamba ninayo macho ya namna hiyo.

"Asubuhi na jioni?"

"Asubuhi na jioni."

Akaanza kujisemea mwenyewe, labda saruji ilikuwa imekaa sana ghalani, labda mchanga ulikuwa na udongo, labda alipima vibaya. Nilikuwa namwona anajipekua mfuko kwa mfuko akitafuta kosa lake, na kosa lilikuwa limesimama mbele yake na aproni ya saluni.

Ndipo Mama akasema, "Ni mimi."

Wote tukageuka.

"Niliikanyaga ikiwa mbichi. Jumapili ile, wewe ukiwa safarini. Ulikataza nikasikia, na nikaingia. Msimlaumu mtu."

"Mama, kukanyaga hakufanyi hivi. Kungeacha shimo, hakuwezi kufanya sakafu nzima kuwa unga."

"Unanifariji."

"Sikufariji, Mama. Nakueleza kazi."

"Wewe tangu utoto ukinifariji unakuwa na sauti hiyo hiyo," Mama akasema, akageukia ukuta.

Mteja alikwisha toka na nusu kichwa chake, na kabla ya saa sita mtaa mzima ulijua kwamba Pimamaji kashindwa sakafu ya mama yake mwenyewe. Shemeji aliyasikia akitoka. Alisema tu kwamba fundi aliyeshindwa kwa mama yake, nani atampa kazi kwake. Akarudi ndani na nyundo akaanza kuvunja.

Ningeweza kusema hata wakati huo, katikati ya kelele za nyundo. Nilikwenda kumalizia kichwa cha yule mteja nyumbani kwake, bure, ili aache kusema. Kumbe bado nilikuwa nadhani tatizo langu ni maneno ya watu.

Alhamisi, Februari 6

Wamemwaga upya. Safari hii sikuambiwa chochote, na ndiyo iliyoniuma. Shemeji analala hapa hapa, anamwagilia mwenyewe. Mimi nabeba maji kutoka kisimani. Ananiambia, "Pole na uzito, shemeji."

Jumapili, Februari 9

Mama hajatembea tangu Jumatatu. Sebuleni nilimwinua asimame, akasimama, nikamwambia twende. Akasema, "Nitembee wapi? Hii nayo niivunje?" Nilicheka nikidhani ni utani wake. Hakuwa anatania.

Jumatatu, Februari 10

Hakutembea.

Jumatano, Februari 12

Hakutembea. Nimembeba kwenda chooni. Mwepesi kuliko nilivyofikiri. Aliniambia, "Pole, mwanangu, nakuvunja mgongo na wewe." Na wewe. Yaani mgongo wangu kauweka kwenye hesabu moja na ile sakafu.

Alhamisi, Februari 13

Kila nikimbeba anasema pole. Leo nilimwambia akome kusema pole, nikamwambia kwa ukali, akadhani nimechoka naye. Jioni hakula.

Jumatatu, Februari 17

Vigae vimerudi, na safari hii shemeji kakwaruza kila pembe kabla ya kuweka. Msumari ulikuwa unateleza tu, kama kwenye sahani. Aligonga kimoja kimoja mbele ya Mama ili asikie kwamba hakuna kinachoitika.

Mama akasema ni nzuri sana. Akasema tumbebe mpaka kitandani.

"Tembea, Mama, ndiyo maana imewekwa."

"Itazameni nyie. Mimi nitaitazama nikiwa huku juu."

Jumatano, Februari 19

Yule mtaalamu kamanda kaja. Alimminya Mama pajani, akampima, akampandisha na kumshusha. Alipotoka hakuniita pembeni, aliniambia nikiwa kazini, mikono imejaa povu. Nyama ya paja imepungua. Mwezi ukiisha hivi hivi, asitarajie kutembea tena. "Nyie mna sakafu nzuri kuliko wagonjwa wangu wote," akasema, "na mgonjwa wenu ndiye hatembei. Nani kamtisha huyu mama?"

Nimekaa na hilo swali kutwa. Nilikuwa nafikiri nimeiba maji. Maji si kitu, maji ningeyarudisha. Nimemwibia Mama mguu wake, na kila siku ninyamazapo naiba tena. Mimi ndiye ninayemwosha miguu hiyo asubuhi. Naijua kila kidole.

Na nimeelewa jambo kuhusu mimi ambalo sikulipenda. Nilikuwa sinyamazi kwa kumwogopa shemeji, ambaye hata nzi hupungia aondoke badala ya kumpiga. Nilikuwa nanyamaza kwa sababu Mama ananisifu mbele ya wateja. Nimesifiwa mara chache maishani, na nilizing'ang'ania hizo sifa mpaka zikamlaza kitandani anayenisifu.

Ijumaa, Februari 21

Nimepiga moyo konde nimemwambia shemeji. Alikuwa uani anaosha mwiko. Nilisema lote, pipa, bibi harusi, vikombe viwili, madumu ya alfajiri, chai. Sikutafuta pa kujificha isipokuwa mara moja, niliposema bomba lilikuwa kavu, na mwenyewe nikasikia jinsi lilivyosikika.

Aliendelea kuosha mwiko uliokwisha takata.

"Nilikuuliza mara mbili," akasema.

"Mara mbili, shemeji. Na ya simu."

"Watu wawili wamenikatia kazi mwezi huu. Hiyo nitameza. Fundi hutukanwa, tumezoea. Nilikuwa nimeanza hata kutupa saruji nzima, shemeji, nilikuwa siuamini mkono wangu." Akaugeuza mwiko upande wa pili. "Lakini Mama. Uliwezaje kumbeba chooni ukijua?"

Nikamwomba aende yeye kumwambia, kwa kuwa yeye ni mwanawe na ni fundi.

"Mimi nimemwambia siku ya kwanza, hakuniamini. Mwambie wewe uliyemdanganya." Akauweka mwiko juu ya ukuta ukauke, akaondoka bila kuaga. Mtu ambaye huaga hata paka.

Jumamosi, Februari 22

Nilifunga saluni. Nikakaa kwenye ukingo wa kitanda chake nikamwambia.

Alinisikiliza mpaka mwisho. Kisha akanishika shavu kwa ule mkono ulio nusu.

"Mwanangu, una moyo mzuri. Lakini usijitwishe mzigo usio wako ili mimi nipate nafuu."

"Mama, ni kweli."

"Nilikusikia kwa masikio yangu ukisema umemwagilia. Asubuhi na jioni, ulisema. Wewe huwezi kumtazama mtu anayehangaika kwa ajili ya mama yake ukamdanganya. Nakujua."

Nililia. Akanibembeleza. Aliniambia kwamba mwenye kosa ni mguu wake mkaidi, na kwamba Mungu alimpa mtoto wa kike uzeeni bila uchungu wa kuzaa. Nilikuwa nalia kwa hasira sasa. Uongo wangu ameuamini mara zote, bila hata kuuliza. Ukweli nimeuleta mara moja tu, kaukataa kwa mapenzi.

Jumapili, Februari 23

Nimekwenda kwa shemeji nikaomba ndoo ya mchanga na saruji kutoka mfuko ule ule wa sakafu. Aliniuliza vya nini. Nilipomweleza alinitazama muda, akaingia ndani, akatoka navyo, na masinia mawili ya zamani. Alinionyesha vipimo. Hakuniita shemeji, lakini alinionyesha.

Nimemwaga masinia yote mawili mbele ya Mama, kutoka ndoo moja, mwiko mmoja.

"Mnapika nini?" akauliza.

"Keki, Mama."

"Mnaniletea meno mapya nayo?"

Moja nimeliweka chini ya kitanda chake, nimelifunika kwa gunia, na yeye mwenyewe ananiona nikilimwagilia asubuhi na jioni. La pili nimeliweka kwenye kizingiti cha dirisha, ndani ya nondo, juani, mahali anapoliona akiwa amelala. Nimemwomba alilinde. Asiliguse mtu.

Jumanne, Februari 25

Limwagiliwe lile, hili liungue. Mama analinda. Mtoto wa jirani alipitisha mkono dirishani akafukuzwa kwa maneno ambayo sikujua Mama anayajua.

Alhamisi, Februari 27

Hakutembea. Ila ameniuliza, "Hili la dirishani mbona limepauka?" Nikasema, "Ngoja, Mama."

Jumamosi, Machi 1

Mawingu yamejikusanya tangu asubuhi, hewa imesimama. Shemeji alikuja bila kuitwa, akaegemea mlango.

Nilimketisha Mama kitandani na mito mgongoni. Nikamwekea sinia la chini ya kitanda mapajani, nikamwomba shemeji msumari wake, nikampa Mama. Alikwaruza. Msumari ukateleza. Alikwaruza tena kwa nguvu, ukatoa mstari mweupe mwembamba, basi.

Kisha nikamwekea la dirishani.

Msumari ulizama. Hakutumia nguvu yoyote, mkono wake ule mgonjwa ndio uliokuwa unakwaruza. Unga ukamwagika kwenye nguo yake. Alikwaruza katikati, alikwaruza pembeni, alikwaruza mpaka akafika kwenye bati la sinia. Alichukua unga kidogo akausugua kati ya vidole, kama alivyofanya mwanawe siku ile.

"Hili nani alilikanyaga?" akauliza.

"Hakuna, Mama. Umelilinda mwenyewe."

Nilisikia magari barabarani, nikasikia mtu anaita saluni kama nimefungua. Mama alikuwa anautazama mguu wake wa kushoto. Aliutazama kama mtu uliyemfukuza nyumbani kwa wizi, halafu ukakiona kilichopotea kwenye mfuko wako.

"Kwa hiyo ile siku uliyokaa hapa kitandani ukalia, ulisema kweli."

"Nilisema kweli, Mama."

"Na siku nyingine zote ulikuwa unanibeba."

"Ndiyo."

"Nikikuambia pole."

"Ndiyo, Mama."

Shemeji alijikohoza mlangoni, akasema, "Mama, basi, amekosa na amesema." Mama alimnyamazisha kwa kiganja. Aliliweka sinia pembeni, akaukung'uta unga kwenye nguo polepole, akausogeza mguu wa kulia mpaka chini. Kisha akaushika wa kushoto kwa mikono miwili, akaushusha nao. Nyayo zote mbili zikagusa vigae. Nilimwona anavuta pumzi.

Niliruka nikamshika kwapani kama kila siku.

"Toa mkono."

Nikautoa. Shemeji akasogea, Mama akamwambia na yeye asimame hapo hapo alipo. Mama akachukua mkongojo. Mara ya kwanza alirudi akakaa. Ya pili alisimama, na mguu wa kushoto ukawa mbaya kuliko Januari, tena mbaya sana, unakuja nyuma kama gunia. Alipiga hatua. Akapumzika. Akapiga nyingine. Jasho lilikuwa linamtiririka kidevuni na mimi nilikuwa nimesimama mbele yake katikati ya chumba, mikono hewani, tayari kumdaka.

"Nipishe njia," akasema.

Hakusema kwa ukali. Alisema kama unavyomwambia mtu usiyemfahamu sokoni. Nikabana ukutani. Alipita, bega lake likagusa langu, hakuniangalia. Alifika mlangoni, akashika fremu kwa mkono ule ulio nusu, akasimama pale akihema, uso nje.

Mvua ilikuwa imeanza kudondoka uani, matone makubwa ya mbalimbali. Shemeji alimletea kiti. Alikaa mlangoni, mgongo akanigeuzia, na tangu wakati huo hajaniita kwa jina lolote.